Msitu Mtakatifu Huanza na Mwiko

Karibu kila mtu niliyezungumza naye habari za imani ana mahali pake pa nje, mbali na msikiti au kanisa, ambapo aliwahi kuhisi kwamba Mungu yupo na anamwona. Mmoja atakutajia bahari alfajiri, wakati ngalawa zinatoka. Mwingine atakutajia theluji ya Kilimanjaro, au ngurumo za masika zikiwa bado mbali. Hisia hizo ni za kweli na mimi ninazo. Lakini kadiri miaka inavyokwenda ninazidi kuona kwamba hisia ni sehemu ndogo ya jambo lenyewe. Watu wanaweza kuguswa na machweo kila jioni, na mikoko ikaendelea kukatwa nyuma yao.

Ninachotaka kutetea hapa ni hiki: jamii zilizomtambua Mungu katika maumbile, na zikaishi na utambuzi huo kwa vizazi, zilimtambua kwa njia ya mwiko. Ukitaka kujua kama watu wanaamini kweli kwamba msitu fulani ni mtakatifu, kuwauliza wanahisi nini wakiwa ndani yake hakutakufikisha mbali. Waulize ni kitu gani hawathubutu kukifanya humo, hata wakiwa peke yao, hata siku ambayo jikoni hamna kuni.

Sijui mfano ulio wazi zaidi kuliko kaya, misitu mitakatifu ya Wamijikenda wa pwani ya Kenya. Wamijikenda ni jamii tisa: Wagiriama, Wadigo, Warabai, Waduruma, Wachonyi, Wakambe, Wakauma, Waribe na Wajibana. Simulizi zao zinasema walishuka kutoka Singwaya, huko kaskazini, wakifukuzwa na vita, wakatafuta mahali pa kujisitiri. Tangu karne ya 16 walianza kujenga vijiji vyenye boma ndani ya misitu minene, vingi vikiwa juu ya vilima. Msitu ulikuwa ngome yao. Njia za kuingilia zilikuwa chache na nyembamba, zenye malango, na adui asiyezijua asingefika katikati. Ndani ya kijiji kulifukiwa fingo, kinga ya jamii nzima iliyoletwa kutoka walikotoka, na hapo hapo wakazikwa waanzilishi.

Amani ilipopatikana watu wakaanza kutoka, karne ya 19, wakatafuta mashamba mapana zaidi. Kufikia miaka ya 1940 kaya zilikuwa hazikaliwi tena. Nyumba zikaanguka na miti ikasogea, lakini fingo na makaburi vikabaki, na wazee wakaendelea kurudi kumwomba Mulungu mvua, kuombea wagonjwa, kusuluhisha ugomvi na kuwakumbuka koma, yaani waliotangulia.

Hapa pana jambo ambalo watu wengi wanaosifia misitu hawaliangalii. Tumezoea kudhani kwamba Mungu anapatikana zaidi pale ambapo binadamu hajawahi kukanyaga, kana kwamba uwepo wetu unamfukuza. Kaya inasema kinyume chake. Huu ni msitu uliokaliwa. Watu walizaliwa humo, wakaoana humo, wakazikwa humo, na ulibaki msitu kwa sababu waliamua usiguswe. Wageni wanaofika leo na kusema wameona maumbile ya asili kabisa wanatazama kazi ya uangalizi ya karne kadhaa.

Miiko yenyewe ni mingi na inatofautiana kati ya kaya na kaya, ila kiini chake ni kimoja. Hukati mti. Huokoti kuni, hata kijiti kikavu kilichoanguka chenyewe. Hulishi mifugo humo. Huachi njia iliyowekwa ukajichongea yako. Kwenye baadhi ya kaya unavua viatu, na mavazi yana utaratibu wake. Dawa za miti shamba huchukuliwa kwa ruhusa ya wazee, na mwenye kuvunja mwiko hutozwa kuku au mbuzi ili mahali pasafishwe. Mti uliokatwa haurudi, lakini kosa linatajwa hadharani, damu inamwagika, na kijiji kizima kinajua kwamba kuna mpaka uliovukwa.

Nilipata kuingia Kaya Kinondo, kusini ya Diani, kwenye ardhi ya Wadigo. Ni msitu mdogo wa hekta 30 hivi, umesimama juu ya mawe ya matumbawe karibu kabisa na ufukwe, na hoteli zimejipanga kando yake. Mlangoni kijana aliyetuongoza alitufunga kaniki nyeusi kiunoni, mmoja mmoja, bila haraka. Ndani, hatua chache tu, joto la barabarani likakatika. Mbega walikuwa juu ya miti na hawakutujali. Kilichonishika zaidi kilikuwa gogo. Mti mkubwa ulikuwa umeanguka ukalala kando ya njia, mkavu, umepasuka kwa urefu, na uyoga umeota kwenye magome yake. Siafu walikuwa wanaingia upande mmoja na kutokea wa pili. Nje ya msitu ule kina mama wanatembea mbali kutafuta kuni, na mzigo mmoja una bei. Gogo lile lilikuwa kuni za miezi mingi kwa nyumba kadhaa, na lilikuwa linaoza pale, hatua chache kutoka barabarani, pasipo askari wala kamera. Yule kijana alitueleza mambo mengi ya miti na dawa zake, lakini mimi nilibaki nalitazama gogo. Kwangu lile ndilo lilikuwa ungamo la imani la mahali pale. Kuna Mtu au kuna kitu kinachoheshimiwa hapa kuliko chakula cha jioni.

Miaka ya 1980 wataalamu wa mimea walianza kuzichunguza kaya hizi kwa utaratibu, wakakuta mimea adimu ambayo sehemu nyingine za pwani ilikuwa imekwisha. Miti ya thamani kama mvule na mbambakofi, ambayo kwingineko ilishageuzwa milango, vitanda na mashua, humo ilikuwa imesimama. Kuanzia 1992 serikali ikaanza kuzitangaza kaya kuwa kumbukumbu za taifa, chini ya Makumbusho ya Taifa ya Kenya. Mwaka 2008 UNESCO ikaziingiza baadhi yake kwenye orodha ya urithi wa dunia, na mwaka uliofuata mila zinazohusiana nazo zikawekwa kwenye orodha ya urithi unaohitaji kuokolewa haraka. Orodha hizo mbili zinaonyesha mahali tatizo lilipo. Msitu umepewa heshima ya dunia nzima, na mila iliyoutunza ndiyo inayokaribia kufa.

Tangu hapo limezuka elezo moja ambalo siku hizi linarudiwa kwenye kila warsha. Linasema kwamba wazee wetu walikuwa wahifadhi wa mazingira, na kwamba miiko ilikuwa mbinu ya kulinda vyanzo vya maji na bayoanuwai, ikavishwa vazi la dini ili watu watii. Elezo hili linasemwa kwa nia njema, tena na watu wanaozipenda kaya. Mimi nalipinga, na nitasema kwa nini.

Wangari Maathai, mwanamazingira wa Kenya, alisimulia jinsi mama yake alivyomkataza kuokota kuni chini ya mti wa mugumo uliokuwa karibu na kijito alikotumwa maji, kwa sababu ulikuwa mti wa Mungu. Baadaye, alipokwisha kusoma biolojia, alielewa kwamba mizizi ya mti ule hupenya mwamba na kuyafungulia njia maji yaliyo chini, na kwamba uliposhikilia ardhi ulizuia maporomoko. Aliporudi kutoka masomoni Marekani alikuta mugumo umekatwa, na kijito kimekauka. Watu wengi husikia kisa hiki wakatoa funzo kwamba imani ya mama ilikuwa sayansi isiyojijua. Lakini tazameni mfuatano wa mambo. Aliyeukata mti hakuwa na mwiko, na elimu ya mizizi ilifika baada ya kijito kukauka. Mama hakuhitaji kujua habari za mwamba ili aunyamazie mti ule maisha yake yote.

Tofauti hii si ya kinadharia. Mtu anayelinda msitu kwa sababu ya maji yake atauacha siku akichimbiwa kisima. Anayeulinda kwa sababu ya kulipwa fedha za hewa ya ukaa atauuza siku bei ya mbao ikipanda kuliko bei ya hewa. Kila sababu ya faida ina kiwango chake cha kununulika. Mwiko hauingii kwenye hesabu hiyo, kwa sababu haukutolewa na mwenye faida. Unaposema kwamba miiko ilikuwa tu mbinu ya uhifadhi, umeshaifungulia mlango mbinu nyingine yoyote iliyo nafuu zaidi ije ichukue nafasi yake.

Najua wasomaji wangu wengi wa pwani, Waislamu kwa Wakristo, wameshaanza kukunja uso. Wengi tumelelewa tukiambiwa kwamba kaya ni ushirikina, na kwamba mwenye imani safi hana shughuli na miti. Siwezi kulipuuza hilo, na sitasema kwamba dini zote ni kitu kimoja, maana si kweli. Kumwomba koma ni jambo ambalo Muislamu hawezi kulikubali, na hafai kulazimishwa alikubali. Lakini tuangalie vitabu vyetu vyenyewe vinasemaje juu ya mahali patakatifu.

Musa alipoufikia ule moto aliambiwa avue viatu, kwa sababu aliposimama palikuwa patakatifu. Imo kwenye Kutoka, na imo kwenye Surat Taha. Kabla hajapewa ujumbe wowote wa kupeleka kwa Firauni, alipewa katazo la miguu. Na Makka, mahali patukufu kuliko pote kwa Waislamu, mpaka wake mtukufu unajulikana kwa nini? Kwa kwamba ndani yake miti haikatwi na mnyama wa porini hafukuzwi. Mtume aliyatangaza hayo siku ya kuifungua Makka. Hapo ami yake, Abbas, akaomba majani ya idhkhir yaruhusiwe, kwa kuwa wahunzi na watu majumbani mwao wanayahitaji, na Mtume akayaruhusu. Nakipenda sana kisa hiki. Katazo ni zito kiasi hicho, na bado lina mlango mdogo kwa ajili ya mahitaji ya watu. Mzee wa kaya anayemruhusu mganga kuchuma majani na kumkatalia mchoma makaa angekielewa mara moja. Mwenye kuhiji naye, akishafunga ihramu, haruhusiwi kuwinda. Kwa siku hizo chache anakuwa mtu ambaye mnyama hana haja ya kumkimbia.

Kwa hiyo msikiti wa kijijini ukikaa kimya mikoko inapokatwa, imani haijautuma ukae kimya. Ushahidi upo Pemba. Kisiwa cha Misali kipo magharibi ya Pemba, mkabala na Chake Chake. Ni kidogo, hakina wakazi wa kudumu, lakini wavuvi wa vijiji vingi wanategemea matumbawe yake. Masimulizi ya Wapemba yanamhusisha na kisiwa hicho Nabii Khidhri: alifika, akawaomba wavuvi msala wa kusalia, hawakuwa nao, basi akasema kisiwa chenyewe kitakuwa msala wake, kwa kuwa kimeelekea kibla. Kuna mapango pia ambayo watu huyaendea kwa maombi na tiba. Pamoja na heshima yote hiyo, miaka ya 1990 hali ilikuwa mbaya. Palikuwa na baruti, na nyavu zilizokuwa zikikomba kila kitu. Mwaka 1998 Misali ikatangazwa kuwa eneo la hifadhi, na sehemu ya bahari yake ikafungwa isivuliwe kabisa.

Tangazo peke yake halikutosha. Ndipo taasisi ya Kiislamu ya mazingira iliyoanzishwa Uingereza na Fazlun Khalid ikashirikiana na shirika la CARE, na mwaka 1999 wakaanza kuwakutanisha wavuvi, maimamu na walimu wa madrasa, wakasoma pamoja Qur'ani inasema nini juu ya uumbaji. Zipo aya za kutosha. Surat Ar-Rum inasema ufisadi umedhihiri bara na baharini kwa yale iliyoyachuma mikono ya watu. Al-An'aam inasema Mwenyezi Mungu hawapendi wafanyao israfu. Mvuvi aliyekuwa akizisikia aya hizo tangu utotoni alianza kuzisikia zikizungumzia baruti yake. Wavuvi walieleza wenyewe kwamba kanuni ya serikali unaweza kuikwepa mkaguzi akiwa hayupo, lakini amri ya Mungu unaondoka nayo hadi baharini.

Sitadai kwamba uvuvi haramu ulikwisha Pemba. Haukwisha, na mwenye njaa hahubiriwi akashiba. Nadai jambo dogo zaidi: heshima ya Khidhri, ikiwa hisia na masimulizi tu, haikuwa imeyalinda matumbawe. Ilibidi heshima ile igeuzwe kuwa katazo lenye jina, haramu, ndipo ikaanza kufika mkononi mwa mtu anayewasha utambi.

Sasa nifikie sehemu ngumu zaidi ya hoja yangu, ambayo watetezi wa kaya huwa hawapendi kuigusa.

Kaya si mahali pa amani tu. Mwaka 1913 Mekatilili wa Menza aliwakusanya Wagiriama, wakala viapo Kaya Fungo, wanawake kiapo chao na wanaume chao, kwamba hawatawapa Waingereza kodi wala vijana wa kufanya kazi. Waingereza walielewa nguvu ya mahali pale kuliko wanavyoelewa baadhi ya wajukuu wa Wagiriama leo: Agosti 1914 waliilipua Kaya Fungo kwa baruti. Mekatilili alihamishiwa Kisii, mbali kabisa magharibi, akatoroka na kurudi pwani kwa miguu. Ni historia ya kujivunia. Lakini Agosti 1997 viapo vilikuwa vimeliwa Kaya Bombo, Kwale, na waliokula viapo hivyo walivamia kituo cha polisi cha Likoni, wakaua, na ghasia zilizofuata ziliwatoa maelfu kwa maelfu ya watu wa bara kwenye nyumba zao. Wanasiasa walikuwa nyuma ya jambo lile, na vijana waliahidiwa kwamba risasi hazitawapata.

Mtu anaweza kuniuliza: mwiko wako ulikuwa wapi siku hiyo? Ni swali la haki, na nimelikalia muda mrefu. Ninachokiona nikiviweka viapo hivyo viwili pamoja ni kwamba kile cha 1913 kilimfunga aliyekula. Hatatoa kodi, hatatoa kijana wake, hatashirikiana, hata akipigwa. Kile cha 1997 kilimfungulia aliyekula. Kilimpa ruhusa ya kumwaga damu ya jirani, na ahadi kwamba yeye hatadhurika. Najua mgawanyo huu unaipendelea hoja yangu, na 1914 nayo ilikuwa na damu. Hata hivyo naushikilia. Mahali patakatifu panapoanza kukupa kibali cha kuchukua uhai au mali au ardhi ya mwingine, na hapakudai wewe chochote, kuna mtu amekaa kwenye kiti cha Mungu. Wanasiasa wetu bado wanapanda kaya kila msimu wa kura kutawazwa wazee, na wanateremka na vilemba na fimbo. Ningependa kusikia hata mmoja wao akitaja alichokatazwa huko.

Kuna wizi mwingine uliotokana na kusifia pasipo mwiko. Wagiriama huwachongea wazee wa chama cha Gohu vigango, nguzo za mbao zilizonakshiwa kwa pembetatu, na kuzisimika ili roho ya marehemu itulie. Kigango kikishasimikwa hakihamishwi, hata familia ikihama. Miaka ya 1970 na 1980 vigango viling'olewa kwa mamia na kuuzwa ng'ambo, vingine kwa watu mashuhuri, vikaishia sebuleni na kwenye majumba ya makumbusho ya Marekani. Walionunua hawakuvidharau. Walivipenda. Waliviona vizuri mno, wakaviangazia taa. Nyumbani, wenye vigango walikuwa wakieleza ukame na maradhi yaliyowapata kwa kuibiwa ndugu zao. Jumba la makumbusho la Denver lilirudisha vigango 30 mwaka 2019, na haki ilikuwa hivyo, ingawa kigango ambacho mahali kilipong'olewa hapajulikani tena hakina pa kurudishwa. Ukiniuliza kwa nini siamini kwamba kupenda uzuri kunatosha, nitakutajia vigango.

Na mila haiibwi na wageni tu. Kaunti ya Kilifi imekuwa ikizika wazee waliouawa kwa kuitwa wachawi, na mara nyingi nyuma ya tuhuma kuna shamba ambalo vijana wanataka kuligawa au kuliuza. Mvi zimekuwa ushahidi wa hatia. Mzee anayejua njia ya kaya, jina la kila mti na neno linalosemwa langoni, analala na mlango umekomewa akiwaogopa wanawe. Hapo wahubiri wetu wana la kujibu, wa madhehebu yote. Ukisimama na kipaza sauti ukasema kila kilichomo msituni ni cha shetani, usishangae kesho kutwa panga likimfuata anayeingia msituni. Unaweza kumkatalia mzee wa kaya ibada yake na bado ukasema kwa sauti hiyo hiyo kwamba roho yake ni haramu kuguswa.

Mtihani unaokuja uko Mrima. Kilima cha Mrima, Kwale, karibu na mpaka wa Tanzania, ni msitu wa hifadhi, na kwa Wadigo ni kaya. Chini yake kuna niobiamu na madini adimu ambayo dunia inayatafuta kwa ajili ya sumaku na vifaa vya elektroniki. Kampuni moja ilipewa leseni ya kuchimba, serikali ikaifuta mwaka 2013, kampuni ikapeleka kesi kwenye mahakama ya usuluhishi ya kimataifa, na mwaka 2018 ikashindwa, kwa sababu ilikuwa haijakamilisha vibali vya mazingira na vya msitu ilipopewa leseni. Ni ushindi wa karatasi. Kilima kiliokolewa kwa fomu ambazo hazikujazwa, na atakayekuja kesho atazijaza.

Kwa upande wa sheria, Katiba ya Kenya ya 2010 inatoa mlango katika kifungu cha 63, kinachoitambua kuwa ardhi ya jamii ile inayotumiwa na jamii kama msitu, malisho au mahali pa ibada. Sheria ya Ardhi ya Jamii ya 2016 inaeleza namna ya kuisajili. Kaya iliyosajiliwa kwa jina la jamii ina ulinzi ambao tangazo la kumbukumbu ya taifa halitoi, kwa sababu tangazo linaulinda msitu dhidi ya mkataji, lakini swali la nani mwenye ardhi linabaki wazi, na kila tajiri wa ufukweni analijua hilo. Usajili unataka orodha ya wanajamii, mikutano, kamati iliyochaguliwa na ramani. Wazee wengi wa kaya hawana nauli ya kufuatilia mambo hayo hadi ofisi za kaunti. Wanasheria wa pwani, vyama vya vijana, kamati za misikiti na makanisa zina watu wanaoweza kukaa nao na kuzijaza karatasi hizo, na kazi hiyo haimlazimishi yeyote kubadili dini yake. Ianzie Kwale, kwenye kaya zilizo karibu na ufukwe na zile zilizo juu ya madini, maana huko ndiko wanunuzi wameshafika.